Geji, milimita na mkasi: namna ya kununua na kukata bati bila kupunjwa

Mteja anayeingia katika duka la vyuma la Gerezani au Buguruni, Dar es Salaam, kuulizia bati la geti, la kabati au la jiko la mkaa hupokelewa kwa namba: geji 16, geji 18, geji 28, "ile nzito", "ile ya kawaida". Namba hizo ndizo zinazopanga bei, ndizo zinazoamua kama mlango utanesa ukisukumwa, na ndizo zinazoamua kama kazi itakatwa kwa mkasi wa mkono au italazimika kupelekwa kwenye mashine. Hata hivyo wanunuzi wengi, na mafundi si wachache, huzipokea kama zilivyotamkwa. Mwongozo huu unaeleza geji ni nini, kwa nini haitoshi kuwa msingi wa kununulia, namna ya kuupima unene kwa maikromita na kwa mizani, na namna ya kuchagua njia ya kukata. Msimamo wangu nautaja mapema: agiza kwa milimita, pima kabla ya kulipa, na uache bati lenyewe liamue litakatwa kwa nini, badala ya kuamuliwa na kifaa ambacho fundi anacho mkononi siku hiyo.

Hatua ya kwanza: fahamu geji inasema nini na nini haisemi

Geji ni namba ya mpangilio tu. Haihesabu milimita wala sehemu za inchi, na inakwenda kinyume na matarajio ya anayeisikia kwa mara ya kwanza, kwa kuwa namba ikipanda unene unashuka. Bati la geji 30 ni jembamba kuliko la geji 28, na la geji 16 ni nene kuliko yote mawili. Asili yake ni kazi ya kuvuta waya, ambako waya ulipitishwa katika tundu moja baada ya jingine, kila tundu likiwa dogo kuliko lililotangulia, na waya uliopita katika matundu mengi zaidi ukapewa namba kubwa zaidi. Mazoea hayo yakahamia kwenye bati.

Laiti kungekuwa na jedwali moja la geji duniani, tatizo lingekuwa dogo. Uingereza ilianza kutumia jedwali rasmi la waya mwaka 1884, kisha ikawa na jingine kwa ajili ya bati, linalofahamika kwa jina la mji wa Birmingham. Marekani ilipitisha lake la bati kwa sheria ya Bunge mwaka 1893, nalo lilijengwa juu ya uzito wa bati badala ya unene wake. Alumini huko Marekani ikafuata jedwali jingine kabisa, na bati lililopakwa zinki likapewa namba zinazojumuisha zinki yenyewe. Kwa hiyo bati linaloitwa geji 16 ni milimita 1.52 likiwa jeusi, yaani chuma kisichopakwa zinki, na likifuata jedwali la Marekani, ni 1.61 likiwa na zinki, ni 1.59 likiwa la stenlesi, ni 1.29 likiwa la alumini, na ni 1.63 ukifuata jedwali la waya la Uingereza. Kwenye geji 28 tofauti ni kubwa zaidi kwa uwiano: 0.32 kwa alumini, takribani 0.38 kwa bati jeusi, 0.40 kwa jedwali la Birmingham, na 0.47 kwa bati la zinki kwa hesabu ya Kimarekani.

Muuzaji anayesema "geji 28" huku akikabidhi bati la milimita 0.38 anaweza kuwa mkweli kabisa kwa jedwali moja, na mnunuzi aliyesoma jingine mtandaoni akatarajia 0.47 akajiona ameibiwa. Wapo pia wasio wakweli, ambao hujificha humohumo kwenye utata huu.

Kwa kuwa bado utasikia geji kila siku, zishike angalau hizi za bati jeusi la chuma kwa jedwali la Marekani, ambazo kwa geji hizi hazipishani sana na zile za waya za Uingereza:

geji 12 – milimita 2.66
geji 14 – milimita 1.90
geji 16 – milimita 1.52
geji 18 – milimita 1.21
geji 20 – milimita 0.91
geji 22 – milimita 0.76
geji 24 – milimita 0.61
geji 26 – milimita 0.45
geji 28 – milimita 0.38
geji 30 – milimita 0.30

Dukani mazungumzo huwa mafupi. "Kaka, hii shiti ina milimita ngapi?" "Hiyo geji kumi na sita, bosi, nzito hiyo." Jibu hilo halijajibu swali. Rudia kwa upole, na muuzaji asipotaja milimita, mwambie utapima mwenyewe. Mwenye mali halali hakatai. Kwenye risiti iandikwe "bati jeusi, mm 1.5, futi 8 kwa 4", kwa sababu risiti yenye neno "geji 16" peke yake haina cha kukusaidia ukirudi kudai.

Hatua ya pili: amua unene unaouhitaji kabla ya kwenda dukani

Mabati ya paa yanayouzwa jijini kwa kawaida huwa kati ya milimita 0.25 na 0.5. Gata na mabomba ya maji ya mvua hutengenezwa vizuri kwa 0.4 hadi 0.6, makabati na masanduku kwa 0.6 hadi 0.9, uso wa geti la nyumba kwa 1.2 hadi 2, na toroli za mizigo au sakafu ya tela kwa 2 hadi 3. Kuanzia milimita 3 kwenda juu wauzaji wengi huacha kutaja geji na kuanza kusema "pleti ya milimita tatu", na huko mambo huwa rahisi zaidi.

Jambo ambalo wanunuzi hulidharau ni kwamba ugumu wa bati dhidi ya kupinda haupungui sawasawa na unene. Unafuata unene ukizidishwa kwa wenyewe mara tatu. Bati la milimita 1.5 ni nene kwa robo tu kuliko la 1.2, lakini linastahimili kupinda karibu maradufu, kwa maana 1.25 × 1.25 × 1.25 ni takribani 1.95. Mtu aliyeagiza uso wa geti wa 1.5 akapewa 1.2 amepoteza moja ya tano ya chuma alicholipia na karibu nusu ya ugumu aliouhitaji. Ndiyo maana geti jipya linaweza kusikika likipiga kelele ya bati kila lori linapopita barabarani, hata kama fundi amechomelea vizuri. Kama bajeti hairuhusu unene zaidi, mwambie fundi akunje migongo au aongeze fremu ya nyuma. Umbo linaweza kurudisha sehemu kubwa ya ugumu uliokosekana.

Hatua ya tatu: pima unene kwa maikromita

Kifaa kinachofaa ni maikromita inayosoma sehemu ya mia ya milimita. Venia ya kawaida, yaani kipimo cha taya zinazoteleza, inafaa kwa bati la milimita 1 na zaidi, lakini nyingi husoma kwa hatua za 0.05 au 0.02, na kwenye bati la 0.30 kosa la 0.05 ni sehemu ya sita ya unene wote. Futi ya fundi haifai kwa kazi hii hata kidogo.

Kabla ya kupima, funga taya za maikromita zikiwa safi uone kama inasoma sifuri. Kisha futa mafuta na vumbi kwenye bati, na uweke taya angalau sentimita 1 ndani kutoka ukingoni. Ukingo uliokatwa na mashine huwa umebonyea upande mmoja na kuota miba ya chuma upande wa pili, hivyo kipimo cha ukingoni hudanganya. Kaza kwa kutumia kitasa kidogo cha mwisho kinachotoa mlio wa "tik-tik" na uache kilipogoma. Anayekaza kwa nguvu ya kiganja anaweza kupoteza sehemu mbili au tatu za mia bila kujua. Pima sehemu nne au tano tofauti, kwa sababu bati linalotoka kwenye roli za kiwandani huwa nene kidogo katikati kuliko pembeni, na viwanda vyenyewe huruhusiwa tofauti ndogo kuzunguka unene uliotajwa. Bati la 1.5 likisoma 1.46 halina tatizo. Likisoma 1.25, hilo ni bati jingine.

Kwa bati jembamba sana omba vipande vitano vya mabaki ya bati hilohilo, vinyooshe, viondoe miba, vibane pamoja na upime rundo lote, kisha ugawanye kwa tano. Rundo likisoma 1.52, kila bati ni takribani 0.30, na kosa la kifaa limegawanywa pia.

Kwa mabati ya paa liko jambo la ziada. Kipimo cha maikromita kinajumlisha chuma, zinki na rangi, na nguvu ya bati iko kwenye chuma. Bati lenye alama Z275 limepakwa gramu 275 za zinki kwa kila mita ya mraba, pande zote mbili kwa pamoja, na kwa kuwa zinki ina uzito wa takribani gramu 7.14 kwa sentimita ya ujazo, tabaka hizo mbili zinafika karibu milimita 0.04. Z100 haifiki hata 0.015. Rangi za pande mbili huweza kuongeza 0.03 nyingine au zaidi. Kwa hiyo bati la rangi linalosoma 0.30 mkononi linaweza kuwa na chuma cha 0.25 tu ndani. Si udanganyifu, mradi muuzaji amesema anataja unene wa jumla; muulize swali hilo waziwazi, "huu ni unene wa chuma kitupu au pamoja na rangi?" Geuza pia bati utazame mgongo wake, kwa kuwa viwanda vingi huchapa hapo jina, unene na kiasi cha zinki, pamoja na alama ya ubora ya Shirika la Viwango Tanzania (TBS). Maandishi yasiposomeka au yakiwa hayapo, pima mara mbili.

Hatua ya nne: hakiki kwa mizani

Mizani ni shahidi mgumu kudanganya, na karibu kila duka la vyuma linayo kwa ajili ya kununulia au kuuzia chakavu. Mita moja ya mraba ya chuma yenye unene wa milimita 1 ina uzito wa kilo 7.85; ya alumini ni kilo 2.7. Kanuni ni moja: gawanya uzito wa bati kwa eneo lake, kisha gawanya tena kwa 7.85, na jibu ni unene kwa milimita.

Chukua shiti ya futi 8 kwa 4, yaani mita 2.44 kwa 1.22, yenye eneo la karibu mita za mraba 2.98. Kwa unene wa milimita 1 inapaswa kuwa na kilo 23.4, kwa 1.2, kilo 28, kwa 1.5, kilo 35. Kwa 2, kilo 46.7, kwa 3, kilo 70. Shiti unayoambiwa ni 1.5 ikisimama kwenye kilo 27, gawanya 27 kwa 23.4 upate 1.15, na hapo huhitaji mjadala mrefu. Hesabu hii inafanyika kwa kikokotoo cha simu ukiwa umesimama kaunta, na kwa maoni yangu ina thamani kuliko jedwali lolote la geji, hasa ukinunua shiti kumi au ishirini ambazo huwezi kuzipima moja moja kwa maikromita. Pima rundo zima na ugawanye kwa idadi.

Bati la paa lililokunjwa migongo linahitaji tahadhari kwenye eneo, kwa kuwa upana unaouona ni mdogo kuliko upana wa bati lilipokuwa bapa. Chukua uzi, ulaze ukifuata kila mgongo na kila bonde kutoka ukingo hadi ukingo, kisha uupime. Uzi ukitoa mita 0.914 na bati lina urefu wa mita 3, eneo ni mita za mraba 2.74. Likiwa na milimita 0.40 linapaswa kukaribia kilo 8.6, likiwa na 0.30, kilo 6.5, likiwa na 0.25, kilo 5.4. Rangi ni nyepesi kuliko chuma, kwa hiyo bati la rangi litakuwa chini kidogo ya hapo.

Ukishaona tofauti isiyoelezeka na muuzaji hataki kurekebisha, unayo sababu ya kuipeleka kwa Shirika la Viwango Tanzania ikiwa ni suala la ubora na alama, au kwa Wakala wa Vipimo ikiwa mizani yenyewe ndiyo yenye mashaka.

Hatua ya tano: chora kabla ya kukata, na uhesabu mikunjo

Kwenye bati jeusi chora kwa kichoreo cha chuma au chaki nyembamba. Kwenye bati la zinki au la rangi tumia kalamu ya wino, na ukwaruze pale tu patakapokatwa, kwa sababu mkwaruzo unaobaki kwenye kazi ni mlango wa kutu. Alumini na mabati ya aluzinki (yaliyopakwa mchanganyiko wa alumini na zinki) visichorwe kwa penseli ya kawaida. Risasi yake ni kaboni, na kaboni ikikaa na unyevu juu ya alumini huanzisha kutu.

Unene unaingia tena hapa. Ukikunja bati nyuzi 90, upande wa nje hunyooka na wa ndani hubanwa, hivyo bati bapa halihitaji kuwa na urefu sawa na jumla ya vipimo vya nje. Kwa mkunjo ambao duara lake la ndani linalingana na unene, toa takribani unene mmoja na robo tatu kwa kila mkunjo. Trei yenye pande za nje za milimita 50, 300 na 50, ikitengenezwa kwa bati la milimita 2, haikatwi 400 bali karibu 393. Kwa bati la 0.5 tofauti haifiki milimita 2 na mafundi wengi huiacha. Jaribu kwenye kipande cha mabaki kwanza, kwani kila mashine ya kukunjia ina tabia yake.

Hatua ya sita: chagua njia ya kukata

Mkasi wa bati ndio wa kwanza kufikiriwa kwa kila kitu kilicho chini ya milimita 1.2 ya chuma laini. Stenlesi ni ngumu zaidi, na mikasi mingi ya mkono huchoka nayo ikifika 0.7. Mikasi ya kisasa huuzwa kwa rangi za mipini: wa njano hukata mstari ulionyooka, mwekundu hupinda kushoto, wa kijani hupinda kulia. Fundi anayenunua mmoja tu achukue wa njano, lakini anayekata matundu ya duara atahitaji yote. Siri ya ukingo safi iko kwenye ncha. Usiufunge mkasi hadi mwisho. Kata hadi karibu na ncha, sukuma mbele, fungua na uendelee, ukiuweka mkasi mwisho kabisa wa mkato uliopita. Kila unapofunga ncha zote mbili unaacha jino dogo la pembetatu ukingoni, na meno hayo ndiyo yanayochana vidole vya anayebeba kazi.

Tindo na nyundo juu ya kipande cha reli bado ni njia hai Gerezani, na kwa fundi aliyezoea hukata bati la pipa la lita 200, ambalo kwa kawaida lina unene wa karibu milimita 1, kwa kasi ya kushangaza. Ukingo wake huwa umejikunja na unahitaji kunyooshwa, lakini haina joto, haihitaji umeme, na haichomi zinki. Niseme hapa jambo ambalo halipaswi kupuuzwa: pipa lililowahi kuwa na mafuta, petroli au kiyeyusho cha rangi lisikatwe kwa grainda wala kwa gesi kabla ya kuoshwa. Kinacholipuka ni mvuke uliobaki, na pipa linaloonekana tupu lina hatari kuliko lililojaa. Ondoa vifuniko vyote, lioshe kwa maji ya moto na sabuni, kisha lijaze maji hadi chini kidogo ya mstari wa kukatia ili nafasi ya mvuke iwe ndogo kabisa. Hata tindo isitumike kabla ya hapo.

Msumeno wa chuma una kanuni moja: angalau meno matatu yawe yanagusa chuma kwa wakati mmoja. Kwa bati jembamba chagua wembe wa meno 32 kwa inchi, na kwa kuwa hata huo hautoshi kwa milimita 1, libane bati katikati ya vipande viwili vya mbao kwenye jiliwa na ukate vyote kwa pamoja.

Grainda ndiyo inayotumika zaidi jijini na ndiyo inayotumiwa vibaya zaidi. Kwa bati tumia jiwe, yaani diski ya kukatia, jembamba la milimita 1, kwa sababu jiwe la 3 hula chuma bure na kuongeza joto. Soma mizunguko iliyoandikwa juu yake: jiwe la milimita 115 lililopimwa kwa kasi ya mita 80 kwa sekunde linaruhusiwa karibu mizunguko 13,300 kwa dakika, lakini la milimita 230 linaruhusiwa takribani 6,650 tu. Anayeondoa kinga na kulazimisha jiwe kubwa kwenye grainda ndogo analizungusha kwa kasi inayozidi sana uwezo wake, na likipasuka vipande vyake huruka kwa kasi hiyohiyo. Tazama pia tarehe iliyogongwa kwenye pete ya chuma ya katikati. Gundi ya mawe haya hudhoofika, na unyevu wa pwani hauisaidii. Miwani si hiari. Karakana za Keko, ambako chuma na mbao hufanyiwa kazi ukuta kwa ukuta, zina hatari ya ziada ya cheche kuangukia kwenye vumbi la mbao, ambalo huweza kufukuta kimyakimya na kuwaka saa kadhaa baadaye, mafundi wakiwa wamekwisha ondoka.

Kwa mabati ya paa grainda haifai kabisa, hata kama kila fundi wa paa anayo. Joto lake huunguza zinki na rangi kwenye ukingo, na cheche zake ni chembe za chuma cha moto zinazojibandika juu ya rangi. Mvua ya kwanza ikinyesha, kila chembe huwa doa la kutu, na mwenye nyumba huilaumu kampuni ya mabati. Mkasi au mashine ya kung'ata bati huacha ukingo wa baridi, na kwenye ukingo mwembamba namna hiyo zinki iliyo pembeni huendelea kukilinda chuma kilichoachwa wazi kwa kuliwa yenyewe kwanza. Kwa nyumba za Kigamboni, Msasani au Mbezi Beach, ambako upepo huleta chumvi mwaka mzima, tofauti hii huonekana mapema.

Gilotini, mashine ya visu viwili virefu, ni bora kwa mistari mirefu iliyonyooka. Kabla ya kukabidhi bati lako, muulize mwendeshaji pengo kati ya visu limewekwa kwa unene gani. Linapaswa kuwa takribani asilimia 5 hadi 10 ya unene wa bati. Gilotini iliyoachwa na pengo la pleti ya milimita 3 ikipewa bati la 0.5 italikunja katikati ya visu badala ya kulikata. Mkato mzuri ukiutazama kwa karibu una ukanda mwembamba unaong'aa juu na sehemu yenye ukungu chini yake; ukiona miba mirefu upande wa chini, visu ni butu au pengo ni kubwa.

Gesi ya oksijeni na asetilini inafaa chuma laini cha kuanzia milimita 3. Chini ya hapo joto hulipinda bati na kuacha uvimbe ukingoni. Kwa stenlesi na alumini haifanyi kazi kabisa, kwa kuwa mkato huu ni chuma kinachoungua ndani ya oksijeni, na metali hizo hujifunika tabaka lisiloyeyuka kwa joto linaloyeyusha metali yenyewe. Alumini huyeyuka kwenye nyuzi 660 za Selsiasi, lakini tabaka lake la oksidi huhitaji zaidi ya 2,000.

Plazima, yaani hewa inayogeuzwa na umeme kuwa mwale wa joto kali, hukata metali yoyote inayopitisha umeme, na mashine ya ampea 40 inamudu chuma hadi karibu milimita 10. Mageti yenye maua na maandishi yanayoonekana jijini siku hizi mengi hukatwa hivyo, kichwa kikiongozwa na kompyuta. Mkato hula milimita 1 hadi 2 za chuma, hivyo mchoro uzingatie upana huo. Hewa ya Dar es Salaam ina unyevu mwingi, na kompresa huugeuza kuwa maji. Maji yakifika kwenye kichwa huharibu ncha na kuacha ukingo wenye mikwaruzo. Fungua koki ya chini ya tangi kila asubuhi na uweke chujio la maji kabla ya mashine.

Leza ndiyo yenye usahihi mkubwa, mkato wake ukiwa na upana usiofika nusu milimita kwa bati la kawaida. Pelekea karakana mchoro wa kompyuta wenye vipimo halisi kwa milimita, na utaje unene uliopima, kwa kuwa nguvu na kasi ya mashine hupangwa kwa unene huo. Uliza pia watakata kwa gesi gani. Nitrojeni huacha ukingo mweupe unaoshika rangi. Oksijeni ni nafuu kwa chuma nene lakini huacha tabaka la oksidi linalobanduka pamoja na rangi lisiposuguliwa.

Njia yoyote ya moto kwenye bati la zinki, pamoja na kulichomelea, hutoa moshi mweupe wa oksidi ya zinki. Anayeuvuta hupata saa chache baadaye homa na baridi kali ambayo wengi huidhania malaria. Fanya kazi mahali penye upepo, simama upande upepo unakotoka, na uondoe zinki sehemu ya kuchomelea.

Hatua ya saba: shughulikia kingo na uhifadhi

Ondoa miba kwa tupa laini, ukiisukuma kwa mshazari upande mmoja tu. Rangi hukimbia ncha kali na kuacha tabaka jembamba sana hapo, kwa hiyo kutu huanzia kwenye kingo hata pale uso uliobaki ukiwa mzima. Ukingo uliozungushwa kidogo hushika rangi vizuri. Bati la zinki lililounguzwa lisafishwe kwa brashi ya waya na kupakwa rangi yenye zinki nyingi kabla ya rangi ya mwisho. Unga na vipande vya chuma vilivyobaki juu ya paa vifagiliwe siku hiyohiyo, kabla ya umande.

Mabati yanayosubiri kazi, hasa wakati wa masika kuanzia Machi hadi Mei, yasilazwe yakiwa yamebanana na yenye maji. Maji yaliyonaswa kati ya mabati mawili ya zinki, pasipo hewa, hutengeneza unga mweupe ambao ni zinki inayoliwa, na unaweza kumaliza kinga ya miaka ndani ya wiki chache. Yainue juu ya mbao kutoka sakafuni, yaegemeze upande mmoja ili maji yatiririke, weka vijiti vyembamba katikati kama yatakaa muda mrefu, na uyafunike kwa turubai ambalo halijafungwa hadi chini. Yakiwa yamekwisha kulowa, yatenganishe na uyafute moja moja kabla ya kuyarudisha.